Mlio wa Kuamka

Fundi bomba aliitua mashine yake ya gemu juu ya meza ya shemeji yake taratibu, kama anayemlaza mgonjwa. Shemeji huyo, mdogo wa marehemu mkewe, alitengeneza simu na kompyuta, na mdomo wake haukuwa na breki.

"Shemeji, hii imeungua mpaka roho. Umeme?"

"Umeme gani? Wakubwa. Wanaukata wakipenda, wanaurudisha kwa fujo, na wao kwao wana majenereta. Ndio haohao waliomweka dada yako kwenye benchi la hospitali mpaka akakata roho."

Wimbo huo shemeji alikuwa ameuzoea. Alichukua diski ya gemu, akaitia kwenye kompyuta yenye programu ya kuiga mashine ile. Ili iamke, programu ilitaka faili la kuwashia, lile ambalo kiwanda huliweka ndani ya mashine yenyewe. Yeye alikuwa na la mbadala, lililotungwa na wapenzi wa gemu. Papo hapo magari ya mashindano yakatokea, yaking'aa kuliko zamani.

"Haya, cheza. Tena siku hizi gemu halikusubirishi, linaanza moja kwa moja."

"Siyo yenyewe."

"Magari si ndiyo haya?"

"Magari nayatakia nini mimi?" Akakuna kidevu. "Ile ilikuwa ikiamka, inalia kwanza. Dada yako akiusikia ule mlio anaacha sufuria jikoni, anakuja anajifuta mikono, anaimba nao, sauti inakwenda kombo. Halafu ananipokonya kidude cha kuchezea."

"Dada aimbe? Kwetu sauti yake ilikuwa inatufukuzia panya."

Wakacheka, kisha kila mmoja akakosa pa kutazama.

"Mlio umo kwenye faili la asili," shemeji akasema. "Na lako limo kwenye chipu hii. Huenda imepona. Ila kuing'oa ni kwa moto. Mkono ukiteleza, ndiyo basi tena."

Fundi bomba alitafuta wa kumlaumu mapema, akamkosa. Safari hii hapakuwa na mkubwa. Uamuzi ulikuwa wake.

"Ng'oa."

Akaenda kukaa kizingitini, akaipa meza mgongo. Harufu ya lehemu ikamfikia.

"Njoo, shemeji. Faili limetoka, nimelitia kwenye kompyuta."

Kioo cha kompyuta kilikuwa cheusi. Kisha mlio ukapanda polepole, ukajaa chumba. Shingo ya fundi bomba ikageuka yenyewe kuelekea mlango wa ndani. Hakuja mtu. Magari yakatokea, yakangoja.

"Unachukua lipi?"

"Zima," akasema. "Uwashe tena."