Majibu ya Mwajiri

Halmashauri yetu sitaitaja, maana bado nataka kustaafu salama. Iko huku huku Ufipa, na mimi Rozina ndiye mtu wa masjala: barua zote zinaingia na kutoka kwa dirisha langu.

Kwa miaka minane hatukuwa na Mkuu wa Utumishi. Tulikuwa na kaimu, Avelina, mjane kutoka kijiji cha Msanzi, anayeandika barua mpaka aliyefukuzwa kazi anashukuru. Likizo zetu, uhamisho wetu, madaraja yetu, yote yalipita mikononi mwake. Alitupandisha wote, mpaka mlinzi wa getini, yeye akabaki kaimu. Kijijini kwao watoto walidhani Kaimu ni jina la marehemu mumewe.

Ilipobaki miaka miwili astaafu, akaomba athibitishwe, walau aondoke na cheo kamili. Mkurugenzi wetu, Bwana Mathias, akamjibu kwa mdomo kwamba avute subira. Miaka minane, jamani! Mimi nilitamani kumrushia faili. Avelina hakurusha kitu, alikata rufaa.

Rufaa ikaenda Dodoma, kwa tume inayosikiliza rufaa za watumishi, nao wakamtaka mwajiri, yaani mkurugenzi, ajibu. Sasa, majibu ya rufaa za watumishi kwetu huandaliwa na Mkuu wa Utumishi. Kama hayupo, kaimu wake. Mkurugenzi hata jina la mrufani hakulisoma. Aliandika juu ya jalada, "Kaimu, andaa majibu mazito," akaenda kwenye kikao.

Jalada nilimpelekea mwenyewe, huku nacheka.

"Dada Avelina, Mungu amekuona. Andika upuuzi tu, ushinde kesi."

Hakucheka. "Nikiandika upuuzi watasema, si mnaona? Kazi yenyewe haijui, ndiyo maana hatukumthibitisha."

"Na ukiandika vizuri?"

"Nitashindwa," akasema, akavuta kiti karibu na meza.

Akaandika vizuri. Alieleza kwamba kanuni hairuhusu mtu kukaimu zaidi ya miezi sita. Kwa hiyo ile miezi sita ya mwanzo ilikuwa halali, ila haitoshi kuitwa uzoefu. Miaka yote iliyofuata ilikuwa kinyume cha kanuni, na jambo lililo kinyume cha kanuni halimpi mtu haki yoyote. Nilipoyasoma majibu hayo nilitaka kuyachana, kwa jinsi yalivyokuwa hayana pa kushika. Mkurugenzi akasaini bila kufungua ukurasa wa pili.

Uamuzi ulirudi mahindi yakiwa yameanza kukauka shambani. Rufaa imetupwa. Tena wakaongeza sentensi ya kumpongeza mwajiri kwa majibu yenye umahiri. Mkurugenzi akatuita ofisini, akampa Avelina mkono, uso umejaa furaha.

"Mama, umetupigania kweli kweli. Sasa mwandikie huyo mrufani, mjulishe kwamba ameshindwa."

"Kwa ukali au kwa upole, Bosi?"

"Kwa upole. Ni mtumishi wetu huyo, atakuwa ameumia."

Nilimkazia macho nione kama anatania. Wala! Kwake mrufani alikuwa mtu mmoja, na kaimu wake mtu mwingine kabisa.

Avelina akaandika, mkurugenzi akasaini, barua ikaja kwangu. Utaratibu wetu ni kwamba barua ya mtumishi anaipokea mtumishi mwenyewe, basi nikamwita. Akatoka ofisini kwake, akapanga foleni nyuma ya walimu wawili, zamu yake ikafika, akasaini. Akafungua bahasha palepale na kusoma taratibu mpaka mwisho, maneno yake mwenyewe, na machozi yakaanza kumtoka.

"Rozina," akasema, "huyu mama alistahili."

Nililia na mimi, mbele za walimu, na sioni aibu kusema.

Kesho yake hakuja kazini. Wiki iliyofuata pia hakuonekana. Nikasikia yuko Msanzi anavuna ulezi na dada zake. Likizo hakuomba, ruhusa hakuomba. Mkurugenzi akaniita, amefura.

"Huyu mama aandikiwe barua ya utoro leo hii! Barua kali, yenye vifungu vyote!"

"Sawa, Bosi," nikamjibu. "Nimpe nani aiandike?"

Barua hiyo mpaka leo haijaandikwa.