Sauti Kinywani mwa Oreste

Pale mtaani Quadraro, jijini Roma, hakuna aliyekuwa ameuawa mara nyingi kama Oreste Fantauzzi. Alishapigwa risasi akiwa jambazi wa Meksiko, akachomwa mkuki akiwa askari wa Kirumi, akanyongwa na mzimu wa kike. Kwa pua yake iliyovunjika, waongozaji wa filamu walimpenda, ila maneno walimpa machache. Na hata hayo machache hayakusikika kwa sauti yake. Picha ilipigwa kwanza, kisha watu wengine wakaingiza sauti studioni. Ndivyo kazi ilivyokwenda Roma nzima.

Filamu zake hakuzitazama. "Nimeshakufa bure," alimwambia mkewe, Ersilia. "Nikafe tena kwa kiingilio?"

Jumapili moja Ersilia akachoka naye. "Mtaa mzima umekuona isipokuwa wewe mwenyewe. Vaa koti, marehemu wangu, twende."

Ukumbini mwa sinema watu walikuwa wakitafuna mbegu za maboga na kupiga miluzi. Oreste akajiona juu ya farasi, uso umejaa vumbi. Yule wa kwenye pazia la sinema akafumbua kinywa: "Mji huu una makaburi ya kutosha."

Oreste akashika kiti cha mbele yake. Sauti ile nzito, yenye mkwaruzo, yenye kuikwamisha "r" kooni, aliijua tangu utotoni.

"Una nini? Umekuwa mweupe kama unga," Ersilia akanong'ona.

"Huyo ni kaka yangu. Huyo ni Duilio!"

Ersilia hakuwahi kumwona huyo shemeji. Alichojua ni kwamba zamani, kule kwao Sora, Duilio aliendesha lori likapinduka na kumuua baba yao. Baada ya mazishi akaaga kwamba anapanda meli kwenda Argentina. Tangu hapo, kimya.

Asubuhi Oreste alikwenda studio ya sauti. Alisukuma mlango bila kubisha. Mbele ya kipaza sauti alisimama mtu mwenye mvi, na kwenye pazia dogo mbele yake Oreste mwingine alikuwa akidondoka kutoka kwenye paa.

Yule mtu akageuka. Karatasi zikamponyoka.

"Hukwenda Argentina?" Oreste aliuliza.

"Nilifika bandarini Napoli, miguu ikakataa." Duilio alijaribu kutabasamu. "Mdogo wangu, mimi nakuona kila wiki. Nakufa nawe kila wiki. Niliomba wanipe wewe tu, nikutilie sauti."

"Na hukuja! Mwendo wa tramu moja tu, na hukuja!"

"Ningekutazamaje usoni? Na Mama je? Nilisema nipate kwanza jina, ndipo nimrudie Mama."

Oreste akatambua kwamba kaka yake hana habari. Hasira yote ikamwishia pale pale.

"Kaka," alisema taratibu, "Mama alikuvalia nguo nyeusi za msiba. Tumemzika nazo. Mwaka wa tano huu."

Duilio alikaa sakafuni, miguu imenyooka kama ya mtoto, akamkodolea mdogo wake macho.

"Sote tulidhani umekufa," Oreste akasema, naye akachuchumaa.

Fundi wa mitambo alichungulia kupitia kioo. "Jamani, tunaendelea au vipi?"

Oreste alimshika kaka yake kwapani, akamwinua, wakateremka ngazi kwenda kutafuta basi la Sora, liwapeleke kaburini kwa Mama. Njia nzima Duilio aliuliza habari za Mama, na kila alipoongea, Oreste alishtuka upya.