Jina la Baba Mkwe

Trekta la Xavery lilikuwa limeshalima mpaka kando ya kaburi. Perpetua akishindwa shauri leo, kesho kaburi lenyewe litageuzwa shamba la ngano. Basi mjane huyu wa Basotu atatuliaje? Alisimama mbele ya baraza la ardhi akiegemea mguu huu, mara ule, huku bintiye Monica akimkalimania, maana pale Kiswahili tu ndicho kilichoruhusiwa. Wajumbe wawili walikuwa Wabarbaig hasa kama yeye, lakini walikaa kimya utadhani lugha hiyo hawakuinyonya kwa mama zao.

"Aliyezikwa pale ni nani?" aliuliza mwenyekiti, Nicodemo.

Mama alijibu kwa sauti ya chini.

"Ni baba mkwe wake, mheshimiwa," Monica alisema. "Kwetu mke hamtaji mkwe kwa jina, hata akishakufa. Lakini mimi babu yangu namjua, aliitwa..."

"Koma! Wewe mkalimani, si shahidi." Akamgeukia karani. "Andika: mdai hamjui marehemu."

Hamjui! Mwanamke aliyemnywesha uji yule mzee mpaka pumzi ya mwisho, leo hamjui! Xavery, mdaiwa, alikuwa anachekea simu yake.

"Anamjua, mheshimiwa. Ni mwiko tu."

"Miiko tumeiacha nje. Amtaje, au nafunga shauri."

Monica alitafsiri. Heri angeuma ulimi! Mama yake alitazama dirishani, ambako wanawake wa ukoo waliomsindikiza walikuwa wamekaa kwenye nyasi, wakisikiliza. Hao ndio waliomfundisha kunyamaza alipoolewa, na hao ndio humtenga mke anayekosa.

"Gidahosh," Perpetua alisema.

Huko nje mwanamke mmoja akainuka, akakung'uta nguo yake, akaondoka. Wengine wakamfuata, wala hakuna aliyegeuka nyuma. Kuanzia leo hakuna boma litakalopokea maziwa mikononi mwa mama, Monica alilijua hilo.

Karani aliandika. Nicodemo akasoma, akavua miwani, akapiga mwayo.

"Akina Gidahosh wamejaa Hanang nzima. Huyu ni Gidahosh wa nani? Mwambie ataje na jina la baba wa huyo marehemu."

Hilo nalo lilikuwa mwiko. Monica alikuwa bado hajatafsiri. Mama yake alikuwa anamtazama, anasubiri kutafsiriwa.