Sukari kwenye Kaunta ya Haskew

Mdomo wangu hauna breki, nakiri. Ndiyo maana Mchungaji Tolliver alipolikata jina langu kwenye orodha, hakuna aliyeshangaa kanisani.

Tulikuwa tunajiandaa kwenda kukaa kwenye kaunta ya kahawa ya duka la Haskew, pale mjini. Sisi weusi tuliruhusiwa kununua humo soksi, sufuria, hata jeneza kama lingekuwepo. Ila kuketi kwenye viti vya wazungu tunywe kahawa, thubutu! Basi kila Jumamosi, kwenye chumba cha chini ya kanisa, tulifanya mazoezi: tulipanga viti, nusu yetu tukajifanya wazungu, tukawatukana wenzetu na kuwamwagia sukari kichwani. Ukijibu, au ukiinua mkono, huendi.

Mimi nilimzaba shemasi kofi.

"Dada Ozella," Mchungaji akasema, "ukimpiga mtu kule, watatuumiza sote. Wewe baki utupikie."

Kupika! Nililia njia nzima kwa hasira. Miaka kumi na tisa nimewafulia shuka wazungu wa mji huu, leo siku ya kudai haki yangu naambiwa nikakaange kuku?

Jioni nikamkalisha mume wangu, Cleophus, mezani. Bwana huyo ni mpole mpaka anakera.

"Nitukane," nikamwambia.

"Nikutukane vipi, mama watoto?"

"Kama Mzungu!"

Akakohoa. "Wewe... wewe mwanamke mbaya. Samahani."

"Cleophus! Nimwagie sukari!"

"Sukari yote hii? Na chai ya barafu tutaitia nini?"

Tulifanya hivyo wiki tatu. Kila tukimaliza kula alinimwagia, kisha akanifuta shingo kwa kitambaa huku akiomba radhi. Nikajifunza kuuma meno na kuhesabu maua ya pazia. Jumamosi iliyofuata nikarudi mazoezini, na shemasi yule yule akaniita majina ambayo nadhani alikuwa ameniwekea tangu siku ya kofi. Sikujibu hata moja. Mchungaji akaliandika tena jina langu.

Kule Haskew, kijana wa Kizungu alichukua chupa ya sukari akaimimina ndani ya kola yangu, polepole, wenzake wakicheka. Mkono wa kulia ulikuwa unaniwasha kweli kweli. Nikatafuta pazia la maua, halipo, nikahesabu vikombe rafuni. Arobaini na viwili. Kesho yake tukarudi, na kesho kutwa, na miezi minne ikapita hivyo, mpaka wenye duka wakachoka.

Asubuhi walipokubali kutuhudumia, nilivaa kofia yangu ya Pasaka. Cleophus akaketi kando yangu. Mhudumu alileta kahawa mbili bila kututazama usoni, lakini alileta. Nilikuwa na furaha kama mtoto.

Cleophus akanyoosha mkono kuchukua chupa ya sukari, na mabega yangu yakaruka yenyewe. Akaona. Akairudisha chupa chini taratibu, akafungua kifuniko, akashika kijiko.

"Vingapi, mama watoto?"

Nikafungua mdomo, huu usio na breki, neno likagoma kutoka. Nikamwonyesha vidole viwili.