Kamba ya Miguu

Mlango wa Kazija ulizibwa kwa kanga mbili zilizoshonwa pamoja, na nyuma yake mjane huyo alikuwa katika siku ya ishirini na moja ya eda. Idarusi, mpiga picha za sinema, alikaa barazani asijue aiweke wapi mikono yake.

"Shikamoo, bibi," alimwamkia Semeni, jirani aliyekuwa akichambua mchele wa mjane.

"Marahaba, baba. Leo hukuja na lile jicho lako la chuma? Afadhali. Juzi umenipiga picha nami sina hata jino la kuchekea." Akamsogezea chai, akikigeuza kikombe ili upande uliomeguka umkae mbali.

Miezi miwili Idarusi aliwafuata Wapemba wa mtaa wa Makorora, jikoni na mashambani, ili ndugu zao kisiwani Pemba waone jamaa wanavyoishi ugenini. Bakar, mume wa Kazija, mkwezi wa minazi, alipigwa picha shambani kule Pongwe. Siku hiyohiyo Bakar alianguka kutoka mnazini, akafa. Mama yake hakuandikiwa. Watu wa mtaa ule hawampi mzazi msiba kwa karatasi; alingojwa mtu wa kuvuka bahari.

"Dada Kazija, nimekuja kukuuliza. Nimtoe kwenye filamu?"

"Usimtoe. Mama yake hajamwona mwaka wa sita huu." Sauti ilikuwa kavu, ya mtu aliyekwisha kulia. "Ila niambie. Picha inamwonyesha akianguka?"

"Hasha. Anapanda, anaangua nazi, anashuka. Anafungua kamba ya miguu, ile ya kukwelea, anacheka."

Semeni aliacha kuchambua.

"Alishuka?" aliuliza Kazija. "Na kamba akafungua?"

"Ndiyo."

Idarusi aliweka kikombe chini. Hata watoto wa Makorora walijua kwamba mkwezi akifungua kamba, amemalizana na mnazi ule kwa siku hiyo. Naye mwenyewe aliambiwa hivyo kabla ya kupiga picha. Wiki tatu alikuwa akijiambia ni ajali, na neno hilo lilimpa usingizi.

"Basi nani aliyempandisha tena?" aliuliza Kazija.

Angeweza kusema Bakar alisahau panga juu. Uongo ulikuwa tayari mdomoni, laini, wala hapakuwa na wa kuubisha.

"Mara ya kwanza wingu lilipita," alisema. "Nikataka jua. Nilimwomba mimi."

Sauti ya Kazija ilisogea karibu na kanga.

"Alikujibuje?"

"Alisema kama ni mama atakayeona, bora aone vizuri. Akaifunga kamba."

Nyuma ya kanga kitu kilianguka, au mtu aliketi ghafla. Semeni alinyanyuka, akaingia. Alipotoka alikuwa na macho mekundu, lakini hakumfukuza.

"Utavuka wewe," Kazija alisema hatimaye. "Umweleze mama yake Bakar kama ulivyonieleza, usipunguze. Ndipo umwonyeshe."

"Nitavuka, dada."

"Ukifika Wete, ulizia kwa Mwatum binti Haji. Sikio la kushoto halisikii. Kaa kulia kwake, usije ukalazimika kusema mara mbili."