Upepo wa Makorongoni

Mzee Hashimu alivaa kanzu yake ya Ijumaa, ingawa ilikuwa Jumanne, akapanda basi kutoka Chemba hadi Dodoma mjini kwenda kumsikia mkewe. Kuluthumu alikuwa amezikwa siku arobaini na moja kabla. Picha zake hazikumfaa mzee, kwani mtoto wa jicho alikwisha kumfunga macho yote mawili, lakini masikio, alhamdulillahi, yalikuwa mazima.

"Simu ya mama yako ilikuwa ya tochi, haikutunza chochote," alimwambia binti yake Munira, alipokwisha kuketishwa kwenye mkeka chumbani kwake mtaa wa Chang'ombe, humo humo Dodoma. "Lakini wewe ulizunguka naye na vyombo vyako misimu mitatu. Niwekee mama yako, mwanangu. Hata kidogo tu."

"Ndiyo, baba," alijibu Munira.

Tangu mzee alipopiga simu kusema anakuja, Munira alikuwa amepekua kila alichorekodi. Kazi yake ilikuwa filamu na sauti za ardhi ya kwao, ile iliyoliwa na maji hadi ikabaki makorongo matupu. Ndani ya filamu zake hamkuwa na mtu hata mmoja. Wajuzi walimsifu kwa hilo, naye, tuseme kweli, kichwa kilimvimba.

Aliyemwongoza huko makorongoni alikuwa mama yake. Kila walipofika mahali, Kuluthumu alianza, "Hapa ndipo…" na Munira akainua mkono. Alihitaji dakika nzima ya upepo safi. Basi yule mama, ambaye mdomo wake haukujua kupumzika, alijiziba kwa ncha ya kanga akasimama wima kama mwanafunzi mbele ya mwalimu mkuu. Kikohozi au kicheko kilichomponyoka, Munira alikikata kwenye meza ya kuhariri na kukifuta. Alikuwa hodari sana wa kusafisha.

Vilivyobaki bila kusafishwa vilikuwa vipande vitatu. Alimvalisha baba yake vipokea sauti masikioni, akabonyeza.

Upepo ulivuma. Kisha: "Mama, nyamaza kidogo, narekodi." Mzee alitabasamu kuisikia sauti ya bintiye, akangoja. Upepo tena. "Mama, tafadhali." Cha tatu kilikuwa kikali zaidi: "Aa, mama! Si nimesema unyamaze?" Baada ya hapo, upepo mtupu hadi mwisho.

Mzee alivivua taratibu, akavipapasa kana kwamba huenda vina kasoro.

"Mbona ni wewe peke yako?"

"Nilimnyamazisha, baba." Machozi yalimtoka bila hodi. "Kila mara. Nilimnyamazisha mama yangu, nikauchukua upepo. Nisamehe."

Alingoja karipio. Angelipokea kwa shukrani. Lakini mzee alinyoosha mkono, akautafuta wake mpaka akaupata.

"Usilie. Chombo hakikushika, lakini wewe ulikuwepo," alisema kwa upole. "Basi nisimulie kwa mdomo wako. Pale ulipomkatiza, alikuwa anataka kusema nini?"

Munira alifungua kinywa. Aliikumbuka kanga ya mama yake, ya kijani. Aliukumbuka upepo ulikotokea, na mbuzi aliyelia ng'ambo ya korongo, akaiharibu dakika. Lakini kilichofuata "Hapa ndipo…" hakuwahi kukisikia. Baba yake alikuwa amesogea karibu, ameinamisha kichwa upande, akisubiri.