Kipimo cha Kibiongo

Kila asubuhi, hata kabla ya chai, Mpimaji alijitwika Kipimo begani akaenda kukichomeka kwenye koo la Kibiongo. Kibiongo ni mlima wa jiwe la kijivu uliopasuka katikati toka juu hadi chini, na watu, kwa ukaidi wao, wakajenga mtaa mzima ndani ya ufa. Boriti za nyumba zililala kutoka ukuta mmoja wa jiwe hadi wa pili, ncha zimezamishwa kwenye mashimo. Ufa usipopanuka, mapaa yanakaa. Kwa hiyo mtaa uliishi kwa neno moja la Mpimaji: "Hajasogea."

Kipimo chenyewe kilikuwa fimbo ya jiwe iliyochongwa kutoka mwilini mwa Kibiongo. Ndivyo ilivyotakiwa tangu enzi za babu wa babu yake, maana kuupima mlima kwa kitu kigeni ni kuukosea adabu. Kikibana kooni, pale ufa ulipo mwembamba zaidi, mambo shwari. Kikianguka, kila mtu abebe chake akimbie. Hakikuwahi kuanguka.

Siku hiyo nayo kilibana. Mpimaji alisema neno lake, lakini roho haikutulia. Wiki hiyo boriti tatu zilikuwa zimechomoka, zote zimekatwa na mumewe, Seremala, na kesho yake watu wangekutana kuifunga karakana yake. Alimkuta mle karakanani akifagia sakafu iliyokwisha kuwa safi.

"Nipe chenezo lako."

Chenezo lilikuwa ufito wa mti wa kupimia boriti, ambao Seremala aliukata sawasawa na Kipimo mwaka waliooana. Mpimaji alivilaza mezani, kimoja ubavuni mwa kingine. Chenezo lilipungua vidole vinne.

"Umelipunguza!"

"Nilipunguze nipate nini? Vumbi?"

"Sasa vidole vinne vimekwenda wapi?"

"Mimi nitajuaje? Mtaa unaniita mwizi wa mbao, na mke wangu naye anaitikia." Seremala alitupa ufagio. "Na kinu chetu cha jiwe, mbona hakiingii tena kabatini? Nacho nimekifanya nini?"

"Kabati ulilitengeneza wewe," alimjibu, akajuta kabla hajafunga mdomo.

Alitoka. Hakuweza kukaa, hakuweza kusimama. Miguu ilimpeleka kwa baba yake, mpimaji mstaafu, aliyekuwa amejilaza kitandani chini ya boriti kongwe kuliko zote, iliyokatwa kabla Seremala hajazaliwa. Mpimaji akainua macho. Boriti ilikuwa nyeusi ti kwa moshi wa miaka, isipokuwa nchani. Pale palikuwa na kipande cheupe, urefu wa shibiri, kilichokuwa kimefichwa ndani ya shimo siku zote. Sasa kilikuwa nje, na boriti imeshikiliwa na upana wa kidole tu.

Hapo ndipo kinu kilipomrudia akilini. Jiwe la Kibiongo lilikuwa likikua, hata likikatwa likawekwa jikoni. Ufa ukipanuka, Kipimo nacho kinarefuka, vinabanana vilevile, na yeye miaka kumi na moja amekuwa akiwaambia watu walale usingizi.

"Baba, toka humu. Sasa hivi."

"Kipimo kimesemaje?"

"Kimebana, lakini—"

"Basi. Nimekibeba miaka arobaini, mwanangu. Usinitie kiwewe."

"Itazame hiyo boriti!"

"Mambo ya mumeo hayo."

"Mume wangu alikuwa hajazaliwa!"

Mzee akageukia ukutani. Na kama baba aliyemfundisha kazi hamsikii, mtaa ungemsikia vipi? Waliamini Kipimo, basi.

Alirudi karakanani mbio. "Nisamehe," alimwambia Seremala. "Halafu niazime tindo."

Alikikata Kipimo mwenyewe, vidole vinne kamili, huku analia waziwazi kama anayemkata ndugu. Kisha akagonga kengele ya mtaa mpaka watu wote wakafika kooni, na baba yake kwa nyuma, ananung'unika. Akachomeka Kipimo. Kikaanguka.

Mlio wake hakuna aliyewahi kuusikia. Mzee alipenya katikati ya watu, akakiokota. Ncha moja ilikuwa laini kwa mikono ya vizazi. Kidole gumba chake kikapita kwenye ncha ya pili, kikasimama. Akaitazama mikono ya binti yake, iliyojaa vumbi la kijivu hadi viwikoni. Neno moja tu la mzee lingetosha kumwaibisha mbele ya wote.

"Amesogea," mzee alisema. "Fungasheni."

Mchana ulipogeuka, mtaa ulikuwa mtupu. Wao watatu walitoka mwisho, Seremala na godoro kichwani na chenezo mkononi, mzee na Kipimo chake. Walikuwa karibu na mdomo wa ufa boriti kongwe ilipoporomoka nyuma yao, juu ya kitanda kisicho na mtu. Mzee hakugeuka.

"Ungeniambia," alisema.

"Nilikuambia, Baba."

Walitembea mpaka kwenye jua. Hapo mzee alikilaza Kipimo chini taratibu, akamnyooshea mkwewe mkono.

"Mwanangu, nipe hilo chenezo lako niegemee."